Mtu Mbele ya Ofisi Isiyomjua: Filamu za Mkaa za Johannesburg na Historia ya Diepsloot

Makala ya historia safari hii yanaelekea Johannesburg, jiji kubwa kuliko yote nchini Afrika Kusini, kuangalia jambo ambalo kila aliyewahi kusimama mbele ya dirisha la ofisi ya serikali analifahamu: karani hainui uso, faili halionekani, na jibu ni lile lile, njoo kesho. Katika jiji hilo jambo hili lilikuwa zaidi ya kero. Kwa miongo kadhaa karatasi ndiyo iliyoamua nani aishi na mkewe, nani apate kazi na nani akamatwe barabarani na kurudishwa kijijini kwa nguvu. Na ni katika jiji hilo hilo msanii mmoja alichukua mkaa wa kuchorea na kifutio, akatengeneza filamu fupi za katuni ambazo zimeonyeshwa katika majumba makubwa ya makumbusho duniani. Filamu hizo zinasaidia kuielewa historia ya kitongoji kimoja cha kaskazini mwa jiji, Diepsloot, kilichoanzishwa kwa amri ya ofisini na ambacho wengi wa wakazi wake wamezeeka wakisubiri jibu la ofisini.

Diepsloot iko yapata kilomita 30 kaskazini mwa katikati ya Johannesburg, upande wa kuelekea Pretoria. Jina lake ni la Kiafrikana, na maana yake ni mtaro wenye kina kirefu. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990 eneo hilo lilikuwa mashamba na nyasi. Sensa ya mwaka 2011 ilihesabu watu 138,329 katika eneo la kilomita 12 za mraba tu, wengi wao wakiishi katika vibanda vya mabati. Si mbali na hapo kuna mitaa ya kifahari iliyozungushiwa kuta, kama vile Dainfern, ambako wengi wa Diepsloot huenda kila asubuhi kufanya kazi za bustani, za nyumbani na za ulinzi.

Chanzo cha kitongoji hiki ni amri ya serikali. Mwishoni mwa utawala wa ubaguzi wa rangi, watu wasio na makazi walikuwa wamejenga vibanda katika shamba la Zevenfontein, jirani na mitaa ya Wazungu, na majirani hao hawakuwataka. Mwaka 1991 ilitungwa sheria iliyompa Msimamizi wa mkoa wa Transvaal uwezo wa kuanzisha makazi ya watu maskini kwa haraka, bila kupitia taratibu ndefu za kawaida. Msimamizi akachagua Diepsloot. Wenye ardhi wa hapo nao wakaenda mahakamani, wakidai kuwa makazi hayo yangeshusha thamani ya mali zao na kuwaletea uchafu na uhalifu. Kesi ilipanda hadi Mahakama ya Rufaa mjini Bloemfontein, ambayo mwaka 1994 iliamua kwamba Msimamizi alikuwa na mamlaka kisheria. Wanasheria huitambua kesi hiyo kwa majina ya pande mbili, chama cha wakazi na wenye ardhi wa Diepsloot kwa upande mmoja na Msimamizi wa Transvaal kwa upande wa pili. Wale waliokuwa wakihamishwa, ambao shauri lote lilihusu maisha yao, jina lao halimo katika anwani ya kesi.

Kutokuwamo huko hakukuanza mwaka 1994. Ili kuelewa kulikotoka, inafaa kurudi nyuma na kuikumbuka karatasi iliyojulikana zaidi kuliko zote katika historia ya Afrika Kusini.

Wasikilizaji wa Afrika Mashariki wanalo neno lake: kipande. Nchini Kenya sheria ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa kwa nguvu baada ya Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia, ilimlazimisha kila mwanamume Mwafrika kubeba cheti cha kazi chenye alama za vidole, na wengi walikitia katika kikopo cha chuma wakakitundika shingoni. Machi 1922 umati ulikusanyika jijini Nairobi kudai kuachiliwa kwa Harry Thuku, aliyekuwa ameongoza upinzani dhidi ya kipande na kodi. Polisi wakafyatua risasi, na miongoni mwa waliouawa alikuwamo Muthoni Nyanjiru, mwanamke ambaye jina lake lingali linakumbukwa.

Huko kusini mfumo huo ulikuwa mpana zaidi na ulidumu muda mrefu zaidi. Sheria ya mwaka 1952 ilikusanya vyeti vyote vya zamani katika kitabu kimoja, ambacho kila Mwafrika aliyetimiza miaka 16 alitakiwa kuwa nacho mwilini saa zote. Humo mliandikwa kabila lake, mwajiri wake, kodi aliyolipa na ruhusa ya kuwapo mjini. Wenyewe walikiita dompas, yaani kipande cha kijinga. Tarehe 9 Agosti 1956 wanawake wapatao 20,000 waliandamana hadi makao ya serikali mjini Pretoria kukipinga. Tarehe 21 Machi 1960 polisi waliwaua watu 69 huko Sharpeville, waliokuwa wamefika kituoni bila vipande ili wakamatwe kwa hiari yao. Watafiti wamekadiria kuwa kati ya mwaka 1916 na 1984 watu zaidi ya milioni 17 walikamatwa au kushtakiwa kwa makosa ya kipande.

Idadi kama hiyo ni vigumu akili kuishika. Kesi ya mtu mmoja yaeleza zaidi. Mehlolo Tom Rikhoto alikuwa mfanyakazi wa kiwandani mjini Germiston, mashariki mwa Johannesburg. Sheria ilisema kuwa Mwafrika aliyemtumikia mwajiri mmoja mfululizo kwa miaka 10 anapata haki ya kuishi mjini na kukaa na familia yake. Rikhoto alimtumikia mwajiri mmoja kwa zaidi ya miaka hiyo. Alipokwenda kuomba haki yake, ofisi ilimkatalia. Sababu ilikuwa hii: kanuni za serikali yenyewe zilimlazimisha kila mwaka kurudi alikotoka ili mkataba wake uandikwe upya. Kwa hiyo, ilisema ofisi, kazi yake haikuwa ya mfululizo. Yaani serikali ilimwamuru aondoke, kisha ikamhesabia kuondoka huko kuwa kosa lake.

Hoja ya namna hiyo haihitaji karani katili. Karani anaweza kuwa mtu mpole, mwenye watoto, anayesali. Alichotakiwa kufanya ni kusoma kanuni na kugonga muhuri. Ndiyo maana urasimu ni mgumu kupigana nao kuliko askari mwenye bunduki: mbele ya dirisha hakuna adui, kuna utaratibu tu.

Rikhoto alipata msaada wa kituo cha mawakili kilichoitwa Legal Resources Centre, kilichoanzishwa Johannesburg mwaka 1979 kuwatetea bila malipo watu wasio na uwezo. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufaa ilimpa ushindi, na maelfu ya wafanyakazi waliokuwa katika hali kama yake wakapata haki ya kubaki mjini. Lakini mwaka huo huo serikali ilibadili sheria: familia ya mfanyakazi ingeruhusiwa kumfuata mjini iwapo tu ana nyumba iliyoidhinishwa, na nyumba za Waafrika zilikuwa adimu mno. Mlango uliofunguliwa na mahakama ukafungwa kwa ufunguo mpya, na ufunguo huo ulikuwa nyumba. Jambo hili lafaa kukumbukwa, kwa maana Diepsloot italirudia.

Miongoni mwa waasisi wa kituo hicho alikuwa wakili Felicia Kentridge. Mumewe, Sydney Kentridge, alikuwa mmoja wa mawakili wa utetezi katika kesi kubwa ya uhaini iliyoanza mwaka 1956, na mwaka 1977 aliiwakilisha familia ya Steve Biko katika uchunguzi wa kifo chake. Mwana wao William, aliyezaliwa Johannesburg mwaka 1955, alikulia basi katika nyumba ambamo mafaili ya kesi kama hizo yalikuwa jambo la kila siku. Yeye hakufuata uwakili. Alisomea siasa na sanaa, akajaribu uigizaji, kisha akarudi kwenye kuchora.

Mwaka 1989 William Kentridge alitoa filamu fupi ya katuni ya dakika chache iliyoitwa *Johannesburg, 2nd Greatest City After Paris*. Ikawa ya kwanza katika mfululizo ulioendelea kwa zaidi ya miaka 30. Mhusika mkuu ni Soho Eckstein, tajiri mwenye suti ya mistari, anayeketi nyuma ya meza kubwa na kununua nusu ya jiji. Mpinzani wake ni Felix Teitlebaum, mtu aliye uchi siku zote, mwenye ndoto na mawazo. Nyuma yao, katika uwanda mkavu wa machimbo, hupita misafara mirefu ya watu maskini wasio na majina.

Namna filamu hizi zinavyotengenezwa ni sehemu ya maana yake. Katika katuni za kawaida za wakati huo maelfu ya picha yalichorwa, kila moja katika karatasi yake. Kentridge alitumia karatasi chache, mara nyingi pungufu ya 50 kwa filamu nzima. Huchora kwa mkaa, akaenda kwenye kamera na kupiga picha, akarudi kwenye karatasi na kufuta mkono wa mtu na kuuchora mahali pengine, kisha akaenda tena kwenye kamera. Lakini mkaa haufutiki wote. Mkono ukisogea, pale ulipokuwa hubaki kivuli cha kijivu. Mtu akitoka katika chumba, ukungu wake hubaki ukutani. Mtazamaji huona kwa pamoja kilichopo na kilichofutwa.

Katika filamu ya *Mine* ya mwaka 1991, Soho yuko kitandani akipata kifungua kinywa. Anasukuma chini mpini wa birika lake la kahawa, nao unapenya meza, unapenya kitanda, unatoboa ardhi na kushuka hadi vyumba ambamo wachimba dhahabu wamelala wamebanana kama mizigo. Kisha Soho anabonyeza mashine za kuhesabia. Kutoka humo hutiririka vipande vya dhahabu, wachimbaji waliochoka, na safu za nyumba zinazofanana kama tofali na tofali. Hamna anayepigwa wala kutukanwa. Kuna mtu anayekunywa kahawa na kubonyeza vitufe, na umbali uliopo kati ya kidole chake na mgongo wa mchimbaji. Hapo ndipo filamu hii inapokutana na kesi ya Rikhoto: uamuzi unafanyika mahali ambapo anayeumia haonekani.

Kentridge si wa kwanza kutumia filamu fupi ya katuni kwa kazi hii. Mwaka 1965 huko Chekoslovakia, Jiří Trnka alitengeneza *Ruka*, yaani mkono, filamu ya vikaragosi kuhusu mfinyanzi anayetaka kufinyanga vyungu vya ua lake tu. Mkono mkubwa usio na mwili wala uso unaingia chumbani mwake na kumtaka afinyange sanamu ya mkono. Unambembeleza, unampa nishani, unamfungia, na anapokufa unamfanyia maziko ya heshima. Baada ya Trnka kufariki dunia mwaka 1969, filamu hiyo ilipigwa marufuku nchini mwake. Na katika bara la Afrika, Moustapha Alassane wa Niger mwaka 1966 alitoa *Bon voyage Sim*, kichekesho kifupi cha rais chura anayekwenda ziarani na kurudi akakuta hana tena nchi. Sanaa hii inafaa kwa somo hili kwa sababu iliyo wazi. Ofisi humgeuza mtu kuwa mistari, namba na muhuri katika karatasi. Mchoraji naye anayo karatasi na mistari hiyo hiyo, lakini anaitumia kumrudisha mtu.

Filamu inayolionyesha hili kuliko nyingine ni *Felix in Exile*. Kentridge aliichora kati ya Septemba 1993 na Februari 1994, majuma machache kabla ya uchaguzi wa kwanza wa watu wote, kipindi kile kile ambacho mashauri ya Diepsloot yalikuwa mahakamani. Humo kuna mwanamke Mwafrika aitwaye Nandi, na kazi yake ni kupima ardhi. Kwa miaka mingi nchini humo mpima ardhi alikuwa mtu wa serikali, aliyekuja na ramani ili wengine waondoke. Nandi anakitumia kifaa hicho hicho kwa kazi nyingine. Anapima na kuchora mahali walipoanguka watu waliouawa. Magazeti yanaruka na kuifunika miili, kisha ardhi inaimeza, na panabaki nyasi na dimbwi. Mwishoni Nandi mwenyewe anapigwa risasi na kumezwa na ardhi hiyo hiyo, huku sauti ya mwimbaji Sibongile Khumalo ikisikika. Hata hivyo karatasi zake zimeshafika mbali, katika sanduku la Felix aliye uhamishoni.

Waswahili husema mali bila daftari hupotea bila habari. Historia ya Johannesburg yaongeza jambo juu ya methali hiyo: daftari lenyewe laweza kuwapoteza watu. Swali ni nani anayeandika na anaandika kwa ajili gani. Utawala wa ubaguzi wa rangi uliandika sana, pengine kuliko tawala nyingi za Afrika, na katika maandishi hayo yote haikuwa rahisi kumwona mtu.

Je, mfumo ulipobadilika, daftari lilibadilika? Sheria za kipande zilifutwa mwaka 1986, na mwaka 1994 serikali ya Nelson Mandela iliahidi kujenga nyumba milioni moja katika miaka mitano. Ahadi hiyo haikuwa maneno matupu, kwani katika miongo iliyofuata zilijengwa nyumba zaidi ya milioni 2 za kugawiwa maskini bure, jambo ambalo ni nchi chache zimelifanya. Huko Diepsloot, watu wa Zevenfontein walihamishiwa mwaka 1995 katika eneo lililoitwa la mapokezi, maana yake mahali pa kupita tu hadi nyumba zitakapokuwa tayari. Mwaka 2001 waliongezewa familia zilizoondolewa kingo za mto Jukskei katika kitongoji cha Alexandra. Eneo la kupita likawa makao, na watoto waliozaliwa humo wakawa watu wazima.

Mkononi walikuwa na karatasi. Walioomba nyumba kuanzia mwaka 1996 walipewa stakabadhi iliyojulikana kama Fomu C, na wengi waliihifadhi ndani ya plastiki pamoja na vyeti vya kuzaliwa. Subira huvuta heri, na karatasi ile ilikuwa ushahidi wa subira. Iliaminiwa kwamba kuna foleni moja, kwamba kila mwenye fomu ana nafasi yake, na kwamba zamu yake itafika. Mwaka 2013 watafiti wa taasisi mbili za sheria za Afrika Kusini walitoa ripoti iliyoonyesha kwamba foleni hiyo moja haikuwapo. Kulikuwa na madaftari mengi, ya taifa, ya mikoa na ya miji, yasiyolingana, na nyumba ziligawiwa kwa njia mbalimbali, nyingi zikitegemea eneo lililopangwa kujengwa wala si tarehe ya fomu. Mwananchi alisimama kwa subira katika mstari ambao ofisini haukuwapo.

Madhara ya kutojua hayo si madogo. Julai 2004 ulienea uvumi huko Diepsloot kwamba wakazi watahamishiwa karibu na Brits, katika mkoa jirani wa North West. Watu ambao maisha yao yote yalikuwa yameamuliwa bila wao kuulizwa hawakuwa na sababu ya kuupuuza uvumi kama huo, na kitongoji kikalipuka kwa ghasia za siku kadhaa. Serikali ilikana. Lakini pasipo na habari za kuaminika kutoka ofisini, uvumi ndio unaokuwa tangazo.

Tena mtu anayeamini kuwa foleni ipo huanza kumtafuta aliyemruka. Wengi walimwona katika sura ya mgeni kutoka Zimbabwe, Msumbiji, Somalia au Kongo. Mei 2008 mashambulizi dhidi ya wageni yaliyoanzia Alexandra yalifika Diepsloot pia, na nchini kote watu zaidi ya 60 wakauawa. Aprili 2022, baada ya mauaji kadhaa ya wakazi kitongojini humo na maandamano ya kudai ulinzi wa polisi, makundi ya raia yalipita nyumba kwa nyumba yakidai kuonyeshwa vyeti vya uraia na vibali vya kuishi. Mwanamume mmoja kutoka Zimbabwe aliuawa kikatili. Rais Cyril Ramaphosa, katika waraka wake kwa taifa mwezi huo, alisema kuwasimamisha watu barabarani na kuwalazimisha waonyeshe karatasi ndiyo desturi ya watawala wa ubaguzi wa rangi. Umbali kutoka Sharpeville hadi hapo ni miaka 62. Safari hii muulizaji wa kipande hakuwa na sare, naye mwenyewe huenda alikuwa na fomu isiyojibiwa nyumbani kwake.

Hapa ndipo filamu za mkaa zinapokuwa na uzito zaidi ya sanaa. Ofisi yaweza kufuta sheria, kubadili majina ya idara na kuchapisha fomu mpya, na mabadiliko hayo mara nyingi ni ya kweli na yenye heri. Lakini karatasi ile ile ikitumika tena, mchoro wa zamani haufutiki wote. Mpangilio wa Johannesburg, ambamo maskini huishi mbali na kazi na karibu na kuta za matajiri, ni kivuli cha mkono ambao sasa haupo. Hasira ya foleni nayo ni kivuli cha kipande. Anayeitazama Diepsloot kama tatizo lililoanza jana huona nusu tu ya picha.

Dawa iliyowahi kufanya kazi ipo katika historia hiyo hiyo. Rikhoto hakuushinda mfumo kwa nguvu. Alishinda kwa sababu walitokea watu waliolifungua faili lake, wakalisoma jina lake na kuuliza swali la kawaida: huyu bwana amefanya kazi miaka mingapi? Nandi katika filamu hakuzuia risasi, ila aliandika mahali na aliyeanguka. Ofisi yoyote, iwe Johannesburg, Nairobi, Dar es Salaam au Bujumbura, huanza kuwa ya haki siku karani anapoinua uso na kumwambia aliye dirishani ukweli wa mambo, hata kama ukweli huo ni kwamba foleni haipo.